Maporomoko Yasiyo na Maji

Jumatatu, 10 Machi 2025

Dolores, Petén. Miaka arobaini na mitatu na miezi sita tangu nilipoondoka hapa. Nimehesabu mara mbili ndani ya basi la kutoka mpakani, na mara zote mbili jibu lilikuwa lilelile.

Nilidhani nitalia nikiuona uwanja wa kanisa. Sikulia. Niliona tu kwamba kanisa wamelipaka rangi ya samli, na kwamba ubao wa duka la dawa una herufi iliyorukwa. Miaka thelathini na mmoja ya kusahihisha chapa kule Campeche, Mexico – jicho halistaafu.

Hakuna aliyenitambua. Mama mwenye nyumba ya wageni aliuliza kama nimetoka Mexico. Nikasema ndiyo. Si uongo.

Kesho naingia msituni. Safari ya siku tano, yenye kiongozi, nyumbu wa mizigo na karatasi ya matangazo: maporomoko na magofu ya Wamaya, “watu wa kale waliotoweka”. Waliotoweka! Mama yangu alinigombeza kwa Kimopan, lugha ya Wamaya, mpaka siku alipofumba macho.

Binti yangu Araceli anadhani nimekuja kuiaga nchi. Nimemwacha aamini hivyo. Nimekuja kutafuta jiwe. Jiwe hilo lilinipa jina la mwongo nikiwa na miaka ishirini na mmoja, na baba yangu alikufa akiamini kwamba nilitunga. Kama lipo, nilione tena. Kama halipo, basi nijue kwamba walikuwa na haki.

Jumanne, 11 Machi

Tumeondoka saa kumi na mbili asubuhi kwa gari la wazi. Wasafiri ni watatu tu. Mimi. Mwalimu Odilia, mstaafu wa Quetzaltenango, mwenye kofia pana kama ungo. Na Wálter, daktari wa mifugo kutoka Cobán, anayezungumza na nyumbu kwa adabu kuliko anavyozungumza na watu. Kiongozi ni Nidia Cajbón, binti wa miaka thelathini hivi, mpole wa sauti, mkali wa saa.

Barabara ilipoishia tulimkuta mpishi, ambaye pia ndiye mwenye nyumbu. Nikamjua kwa masikio yake. Tránsito Tzin. Tuligema pamoja misimu minne, tukipanda mizapote kwa kamba kiunoni na kuichanja kwa panga ili utomvu wa chingamu ushuke. Wageni walitafuna chingamu, sisi tuliitafuna mvua.

Yeye hakunijua. Alinijua saa ya chakula tu, nilipopokea kikombe cha kahawa.

“Wewe,” akasema, akiutazama mkono wangu. “Shoto.”

Nikanywa.

“Shoto, mwana wa mzee Bolón. Si ulikufa wewe?”

“Bado.”

“Sisi tulishakusomea misa.” Akawageukia wenzangu, uso umemchangamka. “Jamani, mnajua mnasafiri na nani? Huyu ndiye Bwana Jiwe. Hakuna mtu mwingine duniani aliyewahi kupoteza jiwe la ukubwa wa mlango.”

Akawasimulia yote, huku akigeuza chapati za mahindi kwenye bati. Alisimulia vizuri, kama mtu aliyesimulia mara nyingi. Wálter alicheka mpaka akapaliwa. Mwalimu Odilia hakucheka, alinitazama tu kutoka chini ya ungo wake.

Niyaweke hapa kwa mpangilio, maana Tránsito huongeza chumvi.

Novemba 1974, katikati ya mvua, kambi yetu ilikuwa nusu siku kutoka mtoni. Karibu na kambi kulikuwa na maporomoko. Juu yake, kama hatua mia mbili upande wa machweo, niliona jiwe limesimama, limechongwa mwanamke amevaa sketi ya shanga, na safu za maandishi ya kale ubavuni. Nilikuwa peke yangu. Nikawaambia wenzangu. Nikamwambia padri. Habari ikafika mji mkuu.

Aprili 1975 wakaja wataalamu wanne wa mambo ya kale, na mimi ndiye niliyewaongoza. Kambi yetu ilikwisha kumezwa na msitu, njia pia. Nikawapeleka kwenye maporomoko. Siku tisa tulizunguka juu yake. Hapakuwa na jiwe. Tránsito alikuwa mchunga nyumbu wa msafara ule, na ni yeye aliyerudi mjini na lile jina. Lilinifuata mpaka harusini kwangu. Lilinifuata hata siku ya kukimbia vita, mwaka 1981, kwani mtu aliyenificha kwenye lori lake aliniuliza kama bado nalitafuta.

Jumatano, 12 Machi

Maporomoko ya Kasuku. Ndipo hapa nilipowaleta wataalamu.

Maji yanashuka kutoka kimo cha mnara wa kanisa, meupe, hayana haraka. Kasuku wekundu wawili wawili juu ya miti. Mwalimu Odilia aliingia majini na gauni lake, akasema hajapata kuwa na furaha namna hii tangu alipostaafu. Wálter aliwaogesha nyumbu kwanza, halafu yeye.

Mimi nilipanda juu. Goti la kulia linalalamika. Nikatembea hatua mia mbili kuelekea machweo, nikarudi, nikatembea tena. Miti, mawe ya kawaida, siafu. Kama mwaka ule.

Nidia akanifuata. “Babu, hapa kundi halitengani. Ukipotea wewe, anayeulizwa ni mimi.”

Nikamwambia ninachotafuta. Hakucheka, na hilo liliniuma zaidi. Alisema walinzi wa hifadhi hupita hapa kila mwezi, na jiwe kubwa hivyo lingekwisha kuonekana.

“Au liliibwa,” nikasema.

“Labda liliibwa,” akasema, kwa sauti ya mtu anayemfunika mgonjwa shuka.

Tuliposhuka, Tránsito alikuwa akikoroga maharage. “Limepatikana?” akaniuliza. “Angalia mfukoni, huenda ulilitia huko ukasahau.”

Kesho tunaelekea La Ceniza, magofu makubwa, yenye piramidi. Ndiyo kilele cha safari. Mimi langu limekwisha leo. Nimekuwa mwongo, basi. Mwongo asiyejua kwamba anadanganya. Sijui kama hiyo ni afadhali.

Alhamisi, 13 Machi

Niandike polepole.

Asubuhi tuliuacha mto, tukafuata kijito kilichokauka. Mawe meupe, majani makavu, hakuna hata tone. Saa sita Tránsito akachagua mahali pa kula, chini ya ukuta wa mwamba, kwa sababu ya kivuli. Ukuta umepanda kama ghorofa mbili, na chini umeliwa ndani, kama baraza fupi ya mtu kusimama. Ukingo wa juu umening'inia chokaa, kama mishumaa iliyoyeyuka.

Nikaingia barazani niegemee. Nikavua mfuko wangu. Na bila kutazama nikanyoosha mkono juu, upande wa kushoto, nikautundika kwenye jiwe lililopinda kama ndoano.

Ukakaa.

Nikautazama. Nilijuaje kwamba pale pana ndoano? Sikuwa nimeitazama dari. Mkono ulijua kabla ya kichwa. Pale ndipo nilipokuwa nikitundika mfuko wa utomvu, mvua ikinyesha, nimejificha nyuma ya pazia la maji nikila.

Nikamwuliza Nidia kama mahali hapa pana jina.

“Hapana, babu. Walinzi wanasema wakati wa mvua huwa kuna maporomoko hapa. Mimi sijayaona. Hatuleti wageni wakati huo, tope linafika tumboni mwa nyumbu.”

Tránsito aliacha kutafuna.

Tukatazamana, wazee wawili. Mzapote hautoi utomvu wakati wa kiangazi. Mgema huingia msituni na mvua na hutoka na mvua. Misimu yote ile, hakuna hata mmoja wetu aliyeuona msitu huu ukiwa mkavu. Kwetu kila ukuta ulikuwa na maji yake, na maji yalikuwa hayaishi. Kambini wenzetu waliotoka mtoni walikuwa wakiyataja Maporomoko ya Kasuku, na mimi nikadhani ndiyo haya yetu, sikujua kama yapo mengine. Wataalamu wakaja kiangazi, kwa sababu wataalamu huogopa tope. Nikawapeleka kwenye maporomoko pekee yaliyokuwa na maji. Niliona kwamba yamebadilika sura. Nikajiambia ni kwa sababu maji yamepungua.

Huenda tulipita hapahapa. Huenda nilikaa kivulini hapa nikawaambia, twendeni, bado mbele.

“Nidia,” nikasema, “nipe siku ya kesho.”

Akatoa ratiba yake. Kesho ni piramidi. Tukikaa hapa, La Ceniza hatutafika, na hawa wawili waliitaka La Ceniza.

“Mimi piramidi nimeziona kwenye stempu tangu nikiwa mtoto,” akasema Mwalimu Odilia. “Mtu aliyeitwa mwongo miaka hamsini, akipewa nafasi ya kujitetea, sijamwona bado.”

Wálter alinuna. Akasema waziwazi kwamba yeye alikuja kwa ajili ya piramidi, na kamera yake aliinunua kwa ajili hiyo. Akaenda kwa nyumbu. Akarudi baada ya muda.

“Yule mweusi anachechemea,” akasema. “Kwa maoni yangu ya kitaalamu, apumzishwe siku moja.”

“Mguu gani?” akauliza Tránsito.

“Bado sijaamua.”

Nidia akakunja ratiba. Mpaka saa sita mchana, akasema. Saa sita kamili, halafu tunarudi, jiwe lipo au halipo.

Ijumaa, 14 Machi

Tulipanda juu ya ukuta saa moja asubuhi. Nidia akatupanga kama wanafunzi, kila mtu amwone mwenzake. Hatua mia mbili kuelekea machweo. Nilizihesabu kwa sauti. Nilipofika mia mbili nilikuwa mbele ya kichaka cha miiba na hakuna kingine.

Hatua za kijana si hatua za mzee, nikawaambia. Tuongeze, tupunguze. Tukaongeza. Tukapunguza. Saa tatu. Saa nne. Mwalimu Odilia alichanika mkono na miiba, akafunga leso, akaendelea. Wálter alipata kigae cha chungu, akakilaza tena mahali pake kama yai. Saa tano Nidia alianza kutazama saa yake kwa siri, na mimi nikaanza kutafuta maneno ya kuwaomba msamaha.

Tránsito hakuwa akitafuta jiwe. Tangu asubuhi alikuwa akizunguka peke yake, akitazama juu ya miti. Nilidhani ananikebehi.

Halafu nikasikia ubapa wa panga ukigonga shina. Mara tatu, kimya, mara tatu. Hivyo ndivyo tulivyokuwa tukiitana wakati wa mvua, kwa sababu sauti ya mtu hufia njiani. Sikuwa nimeusikia mlio ule tangu nikiwa na nywele nyeusi. Miguu yangu iliitika yenyewe.

Alikuwa chini ya mzapote mnene. Shina lote lina chale, zimepanda zigizagi kutoka mizizini mpaka kwenye matawi, zimepona na kuvimba kama makovu ya mtu.

“Soma,” akaniambia.

Nilizisoma. Kila mgema ana mwandiko wake. Wengine wote walianza chale upande wa kulia wakamalizia kushoto. Hizi zilianzia kushoto. Zilikuwa na kina upande usio wa kawaida.

“Kambi nzima tulikuwa na shoto mmoja,” akasema Tránsito. “Nilikuwa nikikucheka, kwamba unauchanja mti kama mtu anayejinyoa kwenye kioo.” Hakuwa akicheka sasa. “Huu ni wako. Na ule pale ni wako. Nimehesabu mitano. Inakwenda kule.”

Inakwenda kule. Ndiyo, mgema hufanya kazi kwa mzunguko, mti kwa mti, hatembei hatua mia mbili kwenye mstari kama mpima ardhi. Mwaka ule nilikuwa nimehesabu kutoka kwenye mti wa mwisho, si kutoka ukingoni! Miaka yote hii nimeyashika maneno na kupoteza mahali pa kuanzia.

Tukaifuata miti yangu. Wa sita ulikuwa umekufa, umesimama mkavu, nao chale zake bado zinasomeka. Baada ya wa nane ardhi ikapanda. Tuta, halafu tuta jingine, na kati yake uwanja mdogo, wenye usawa ambao msitu haujui kuutengeneza. Upande wa mbali, mkuyu mkubwa. Mizizi yake imekumbatia kitu.

Nidia alifika wa kwanza. Akasimama. Akaniita kwa mkono.

Lipo.

Limeinama kidogo, kama mtu aliyechoka kungoja. Mkuyu haukuwepo wakati ule, umeota juu yake baadaye, na mzizi mmoja umefunika uso na kifua. Lakini chini, kutoka kiunoni, liko wazi. Sketi ya shanga, fundo kwa fundo, kama wavu. Miguu miwili midogo, viatu vya kamba, vidole vinaonekana. Ubavuni safu ya maandishi, ile ile, imekaa kwa mpangilio kama ukurasa uliokwisha kusahihishwa.

“Sketi,” akasema Mwalimu Odilia. “Mzee Ladislao, ulisema sketi.”

“Nilisema.”

Tránsito alikuwa amevua kofia. Alibaki nyuma, karibu na tuta, haji. Nikamfuata mimi.

“Jina lile nilikupa mimi,” akasema.

“Najua.”

“Mzee wako alikuwa akinikwepa sokoni kwa ajili ya jina lile.”

“Najua hilo pia.”

“Basi nalichukua. Nirudishie.”

“Lichukue,” nikamwambia. “Ni zito, angalia mgongo.”

Akacheka, halafu akajifuta uso kwa kofia, akasema jasho. Tukasimama bega kwa bega tukilitazama jiwe. Nilimwambia baba maneno mawili kwa Kimopan, kimoyomoyo. Hayo siyaandiki.

Nidia aliwakataza wote kuligusa. Alipima kwa utepe, akapiga picha, akaandika mahali kwenye kifaa chake, akaandika pia jina langu na mwaka 1974, akanionyesha kama nimeandikwa sawasawa. Nilisoma herufi moja moja. Hapakuwa na kosa.

Wálter alipiga picha mia moja na kumi za mguu mmoja wa jiwe. Jioni nilimsikia akimweleza nyumbu mweusi kwamba piramidi zipo kila mahali.

Nimekula sahani mbili za maharage. Sikumbuki lini mara ya mwisho nilikula sahani mbili.

Jumamosi, 15 Machi

Asubuhi. Tuko chini ya ukuta mkavu, tunangoja. Nidia alizungumza jana kwa redio ya upepo na walinzi, nao wamezungumza na watu wa mjini Dolores. Mtaalamu mmoja na wasaidizi wako njiani, wataamua namna ya kuutoa mzizi bila kumwumiza mwanamke wa jiwe. Uso wake tutauona labda mwezi ujao, labda mwakani. Watauona wao tu, niseme hivyo.

Kila mtu amechangamka. Mwalimu Odilia anataka pawe na jina, Maporomoko ya Bolón. Nimemwambia yamekaa bila jina na bila maji, yaachwe na heshima yake. Tránsito ameanika blanketi lake na anazungumza bila kupumua. Ana chumba cha nyuma, kikavu, mkewe alikuwa akiwekea mahindi. Chumba kinangoja mtu. Mjini sasa kuna maji ya bomba. Wazee wa wakati wetu wamebaki wanne, tutakuwa watano, karata zitanoga.

Nidia akaja akachuchumaa mbele yangu. “Babu, Agosti mvua zikishika, maji yatarudi hapa. Mimi mwenyewe sijawahi kuyaona. Nitafungua njia, kuwe na tope kusiwe na tope. Utakuja?”

Wote wakanitazama.

“Nitakuja,” nikasema. “Agosti.”

“Na chumba?” akauliza Tránsito.

“Kitie dirisha.”

Wálter akapiga makofi. Tránsito akawageukia, uso umemchangamka kama siku ile ya kwanza ya safari. “Andikeni,” akawaambia. “Agosti. Huyu akisema kitu, ni hicho. Huyu hasemi uongo.”

Nidia ameandika. Nimemwona akiandika. Hakuna aliyeuliza mara ya pili, hakuna aliyetazama mwenzake. Nusu karne niliwaambia ukweli na wakataka ushahidi.

Njuga za nyumbu zinasikika kwenye kijito, bado mbali kidogo. Nidia ananiita nisimame, niwaonyeshe njia mimi, mti kwa mti. Naja, nimemwambia, mstari mmoja tu.

Mke wangu amezikwa Campeche, vitabu vyangu viko Campeche, Araceli hukaanga samaki kila Ijumaa na huweka sahani yangu kabla sijafika. Nilichokiacha hapa nilikichukua jana, chote.

Agosti sitarudi.